Ulimwengu wenye miezi miwili angani: kalenda ifuate mwezi upi?

Mtunzi_wa_Usiku:
Salaam, wanajukwaa. Ninaandika riwaya ambayo matukio yake yanafanyika katika sayari ya kubuni yenye mwaka wa siku 360 na miezi miwili. Mwezi mkubwa, Harua, huizunguka sayari kwa siku 36, na mdogo, Sile, kwa siku 24. Nilizichagua tarakimu hizo kwa makusudi ili zigawanyike vizuri: kila baada ya siku 72 miezi hiyo hukutana, na hapo ndipo nilipoiweka Sikukuu ya Mianga, usiku ambao yote miwili ni mipevu na mrithi wa kiti cha enzi anatoroshwa. Je, mwaka niugawe kwa kufuata Harua au Sile? Na je, hesabu inayogawanyika vizuri kiasi hiki haitamfanya msomaji auone mkono wa mwandishi?

Mpenda_Falaki:
Kabla ya kuchagua mwezi, tenganisha muda ambao mwezi hutumia kuizunguka sayari na muda unaopita kati ya mwandamo mmoja na mwingine. Mwezi wetu huizunguka Dunia kwa siku 27.3 hivi, lakini kutoka mwandamo hadi mwandamo ni siku 29.5, kwa sababu Dunia nayo inasogea kulizunguka Jua, na mwezi hulazimika kwenda mbele kidogo ndipo urudi kwenye sura yake ya awali. Watu wako hawataiona mizunguko. Wataona mwezi ukiandama, ukipevuka na kufifia.

Kanuni yenyewe ni nyepesi. Ikiwa mwezi unazunguka kuelekea upande ule ule ambao sayari inalizunguka jua lake, idadi ya miandamo kwa mwaka hupungua kwa moja ikilinganishwa na idadi ya mizunguko. Harua huzunguka mara 10, kwa hiyo huandama mara 9, kila siku 40. Sile huzunguka mara 15 na huandama mara 14, kila siku 25.7 hivi. Ni kweli kwamba itakutana kila siku 72, ila kila inapokutana inakuwa na sura nyingine, maana jua nalo limekwisha kuhama. Ukiuanza mwaka siku ambayo yote miwili iko gizani, siku ya 72 itakutana ikiwa imemegeka na kubaki miembamba, na haitakutana kamwe ikiwa mipevu.

Hata hivyo, sikukuu yako haijafa. Harua hupevuka siku ya 140 na Sile takriban siku moja na nusu baadaye. Kisha Sile hupevuka kati ya siku ya 218 na ya 219, na Harua siku ya 220. Mtu anayetazama kwa macho matupu ataiona yote miwili kuwa mipevu, ingawa itakuwa imeachana kidogo angani. Katikati ya vipindi hivyo, siku ya 180, Harua ni mpevu na Sile hauonekani kabisa, na kwa maoni yangu usiku huo una kisa kizuri zaidi kuliko sikukuu yenyewe.

Msomi_wa_Kale:
Kuhusu tarakimu kugawanyika vizuri, ziharibu. Miandamo 12 ya mwezi wetu hufanya siku 354, pungufu ya mwaka wa jua kwa siku 11 hivi, na pengo hilo ndilo lililowasumbua watu tangu zamani. Kalenda ya Hijria huliacha kama lilivyo, ndiyo maana Ramadhani hupita katika majira yote. Kalenda ya Kiyahudi huongeza mwezi mara 7 katika miaka 19, kwa kuwa miaka 19 ya jua inakaribia sana kuwa sawa na miandamo 235.

Basi mwaka wako uwe wa siku 363, huku Harua ukiendelea kuandama kila siku 40 na Sile ukibaki kama ulivyo. Sikukuu itatangulia kwa siku 3 kila mwaka, na baada ya miaka 13 hivi pengo litatosha mwezi mmoja wa ziada. Sasa jiulize ni nani mwenye mamlaka ya kuutangaza. Katika Roma ya kale kazi hiyo ilikuwa ya makuhani, nao walishutumiwa kuurefusha au kuufupisha mwaka kwa manufaa ya wanasiasa. Mambo yalivurugika hata Julius Caesar alipokuja kuyarekebisha, mwaka wa 46 KK ulifikia siku 445. Mlezi wa mrithi wako akizipata siku 40 zaidi za kutawala, utakuwa na sababu ya mtoto huyo kutoroshwa.

Mtunzi_wa_Usiku:
Nashukuruni sana. Siku 363 nimezichukua, na mlezi pia. Ila Sile sasa umebaki bila kazi.

Mvuvi_wa_Maneno:
Upe bahari. Nguvu ya mwezi ya kuinua maji hutegemea uzito wake na hupungua haraka sana kadiri unavyokuwa mbali. Kwa mizunguko uliyoitaja, Sile uko karibu zaidi, na kama miezi hiyo ingekuwa na uzito sawa, nguvu yake juu ya maji ingekuwa mara 2.25 ya ile ya Harua. Kwa hiyo hata ukiwa na nusu ya uzito wa mwenzake, bado ndio utakaotawala bamvua, yaani maji yanapojaa na kupwa sana, na maji mafu, yanapojaa na kupwa kidogo. Wakulima wa bara watahesabu kwa Harua, mabaharia kwa Sile, na hakuna haja ya kuziunganisha hesabu hizo. Wamaya, watu wa kale wa Amerika ya Kati, walikuwa na hesabu ya siku 260 kwa ibada na nyingine ya siku 365, zikaenda sambamba, zikirudi pamoja mahali pa kuanzia kila baada ya miaka 52.

Katika masimulizi usiyaeleze haya yote. Mlezi apokee barua isiyo na jina, iliyoandikwa tarehe kwa bamvua la Sile, naye atajua mara moja kwamba mtoto amefichwa pwani.