Muziki wa asili wa Japani: nianze kusikiliza kwanza au niende nikajifunze?

Binti_Michenzani

Assalaam alaykum wadau, habari za saa hizi. Mie niko Osaka kwa masomo, umebaki kama mwaka mmoja nirudi nyumbani Zanzibar. Wiki iliyopita jirani yangu, bibi mmoja wa Kijapani tunakaa nae ghorofa moja, alinichukua kwenye ukumbi mdogo wa mtaani kwetu, wanawake watu wazima wanapiga koto. Jamani. Mie nimekulia nyumba ambayo taarab inalia toka asubuhi, sauti ya kanuni, kile chombo cha nyuzi cha taarab, naijua tangu sijui kusoma, nikadhani nakwenda kusikia kitu cha namna hiyo, kumbe sicho. Chombo kirefu kama mtu kalala, karibu mita 1.8, nyuzi 13, na kila uzi una kidaraja chake. Nilikaa mstari wa mbele nikawa namtazama mama mmoja mkono wake wa kushoto tu. Wa kulia unachuma uzi, wa kushoto uko upande wa pili wa kidaraja unaubonyeza uzi ule ule mpaka chini halafu unauachia taratibu, na sauti inapanda inashuka kama mtu anaelia kwa ndani. Wimbo ukiisha anavisogeza vile vidaraja kidogo, anachuma, anasikiliza, anasogeza tena, ukumbi mzima kimya unamsubiri yeye.

Tangu siku hiyo nataka zaidi na sijui pa kuanzia. Nimeona mtandaoni kuna madarasa ya siku moja ya wanaoanza, lakini naogopa kwenda bure, muziki wenyewe siujui, nota sisomi, Kijapani changu ni cha dukani na kwenye treni. Je nisikilize kwanza shoo nyingi nielewe ndio nikajaribu? Na shamisen, kile chombo chao cha nyuzi tatu chenye shingo ndefu, nasikia inawambwa ngozi ya paka au mbwa, hilo mie kama Muislamu linanipa taabu kidogo, alie na uzoefu anieleze kweli kweli. Nawasilisha.

Msafiri_Kansai

Waalaykum salaam dada. Mi niko Kyoto mwaka wa sita huu, koto nimejifunza miaka miwili, kwa hiyo hapo ndo ntakusaidia. Jibu langu ni fupi: nenda ukajifunze kwanza, hata somo moja tu, halafu ndo uende kwenye shoo. Mi nilifanya kinyume. Mwaka wa kwanza nilienda shoo nne nzima, nikasikia vizuri, nikapiga makofi, nikarudi nyumbani, na nikikwambia nilisikia nini siwezi. Siku nilipokaa mwenyewe mbele ya koto ndo masikio yakafunguka.

Hiyo ya kutosoma nota isikutishe kabisa. Karatasi ya koto haina nota za kizungu, imeandikwa namba za nyuzi, uzi wa 1 mpaka wa 10 ni tarakimu za Kijapani za kawaida, ambazo najua ushazijua kwa ajili ya bei na tarehe, halafu 11, 12 na 13 zina alama zao tatu tofauti zinazosomwa to, i, kin. Basi. Mwalimu anakuvisha kucha tatu, gumba, shahada na kidole cha kati cha mkono wa kulia (wenyewe wanaziita tsume, na maana yake ni kucha hivyo hivyo), unailowesha kidogo ile pete yake ili ishike, na ndani ya saa moja unapiga wimbo wa Sakura Sakura. Pole pole, unakosea, lakini unapiga.

Utaulizwa au utaona zinatajwa shule mbili, yaani mitindo miwili ya kupiga koto, Ikuta na Yamada. Ikuta kucha zake zina ncha za mraba na mpigaji anakaa kimshazari, Yamada ncha ni za duara na anakaa kaielekea koto moja kwa moja. Kwa anaeanza usisumbuke, chukua mwalimu aliye karibu na kwako, maana mwalimu wa mbali utamwacha mwezi wa pili.

Na kitu kimoja kilinigusa sana nilipokijua. Yatsuhashi Kengyo, alieishi 1614 mpaka 1685, ambae upigaji wa koto wa leo kwa sehemu kubwa unaanzia kwake, alikuwa kipofu, na hilo kengyo sio jina la baba yake, ni cheo cha juu cha chama cha vipofu wa zamani zile. Miyagi Michio nae kipofu, yule alietunga Haru no Umi mwaka 1929, koto na filimbi ya shakuhachi, bila shaka ushaisikia maana mwezi wa kwanza kila duka Japani linaipiga. Kwa hiyo huu muziki kwa miaka mingi umetoka kwenye mkono wa mwalimu ukaingia kwenye mkono wa mwanafunzi, karatasi ilikuja nyuma. Ndo maana nasema usiusubiri uuelewe kichwani.

Kuhusu pesa, usianze na zile sehemu za watalii zenye kimono na picha, zipo na sio mbaya ila unalipia picha. Uliza ofisi ya kata yako, kuna chama cha wakaazi wa kigeni na kuna nyumba za utamaduni za mtaa, walimu wastaafu wanafundisha hapo kwa hela ndogo. Chuoni kwenu pia tafuta klabu ya koto, vyuo vingi wanayo na vyombo wanakuazima. Ukianza kulipa kwa mwezi, hela weka kwenye bahasha, noti safi zisizokunjwa, mpe mwalimu kwa mikono miwili. Miguu ikifa ganzi kwa kule kukaa kwa magoti sema mapema, utapewa kigoda, hakuna atakaekuona huna adabu.

Kijana_wa_Temeke

Naunga mkono mkuu hapo juu ila mi nasema aanze na ngoma, taiko. Sababu ni kwamba sisi ngoma tunayo mwilini tayari, halafu Kijapani huhitaji, mwalimu anaimba kwa mdomo na wewe unaimba nae. Don ni pigo katikati ya ngozi, doko ni mawili ya haraka, ka ni pembeni kwenye mbao, tsu ni kimya au pigo dogo sana. Darasa zima mnasema don doko don, ka ka, mpaka mdomo umeshika, ndo mnapewa fimbo. Mi babu yangu alivyokuwa ananifundisha ngoma kijijini alifanya vile vile, hajawahi kuniambia hesabu hata siku moja, alikuwa anaitamka ngoma. Siku ya kwanza Tokyo nilivyosikia yule mama mwalimu anatamka ngoma kwa mdomo nilitulia kwanza nikamkumbuka mzee.

Tofauti kubwa ni mwili. Huku unatanua mguu wa kushoto mbele, goti limekunjwa, mkono unaunyoosha juu mpaka fimbo inatazama dari, ndo unashusha. Ukipiga vizuri ukasimama vibaya bado umekosea. Na utashangaa, hii taiko ya watu wengi pamoja jukwaani sio ya kale kama wengi wanavyodhani, ngoma zenyewe ni za kale, za hekaluni na sherehe, ila kuzipanga kama kundi la muziki alianza Oguchi Daihachi, mpiga dramu wa jazi kule Nagano, mwaka 1951. Kundi la Kodo la kisiwa cha Sado lenyewe ni la 1981. Ukipata nafasi mwezi wa nane nenda Sado, wanafanya tamasha lao huko tangu 1988 na kisiwani kuna kituo chenye ngoma kubwa zilizochongwa kwenye magogo mazima ambazo mgeni unaruhusiwa kuzipiga. Ile sauti haiji masikioni, inaanzia tumboni.

NaiYaUsiku

Dada mimi nitakuonya kuhusu kununua. Nilipenda shakuhachi, ile filimbi ya mwanzi, matundu manne mbele na moja nyuma, urefu sentimita 54 na nusu hivi, na jina lake ndio hicho kipimo, shaku moja na sun nane, vipimo vya zamani vya Kijapani, na hachi ndio nane. Inapulizwa kwa juu kwenye ukingo kama nai ya taarab. Kabla sijapata hata somo nikanunua ya mwanzi, imeshatumika, kwenye duka la vitu vya zamani, nikalipa pesa ambayo kwangu ilikuwa nyingi. Muuzaji hakuniambia chochote cha kuitunza. Mwezi wa kwanza nikaiacha chumbani hita inawaka usiku kucha, hewa kavu, asubuhi nikakuta imepasuka kutoka mdomoni karibu mpaka tundu la kwanza. Iliniuma sana. Mwalimu niliyempata baadae akaniambia kila anaeanza anampa ya plastiki, unaiosha, haipasuki, na sauti yake inatosha kabisa kwa mwaka wa kwanza.

Na ujiandae, somo langu la kwanza dakika arobaini na kitu nilitoa upepo mtupu. Wajapani wenyewe wana msemo kwamba kutingisha shingo tu ni miaka mitatu, maana sauti ya shakuhachi inayumbishwa kwa shingo. Lakini nauliza nani alieacha baada ya kusikia sauti yake ya kwanza ikitoka? Mimi nilisimama nikafunga macho. Zamani watawa wa komuso walikuwa wanatembea nayo njiani wamevaa kikapu kichwani kinachofunika uso wote, kwao kupuliza ilikuwa ibada, mpaka serikali ilipoifuta madhehebu yao mwaka 1871. Kyoto kuna hekalu la Myoanji linaloendeleza urithi huo.

Swali la ngozi: ni kweli, shamisen za jadi ni paka au mbwa, na zile nene za Tsugaru kaskazini hasa ni mbwa. Ila saivi kuna nyingi za ngozi ya kutengenezwa kiwandani, hasa za wanafunzi. Mwambie mwalimu kabla hujaenda, kwa heshima, atakutafutia. Koto haina ngozi kabisa, ni mbao ya mti wa kiri, na nyuzi zilizokuwa za hariri siku hizi nyingi ni za polista.

Na kwa kuwa uko Osaka, usiondoke bila kwenda ukumbi wa taifa wa bunraku, ule wa vikaragosi. Huwa wanauza mpaka tiketi za kipande kimoja tu cha mchezo, bei nafuu. Kaa upande wa kulia, maana msimuliaji na mpiga shamisen wanatokea kwenye kijukwaa kinachozunguka upande huo. Msimuliaji anaunyanyua msahafu wake wa hadithi mpaka usawa wa paji la uso, anainama, ndipo shamisen nene inagonga pigo moja. Hilo pigo moja tu lilinitosha.

Mvita_Kongowea

Salaam dadangu, mie niko Mombasa, Japani sijafika, ila hapa naona mwataja koto na hakuna alosema kuwa jamaa yake tunae pwani miaka mingi. Taishokoto, wazee wetu wakiita tashkota. Ni chombo cha Nagoya, alikitengeneza Morita Goro mwaka 1912, mwanzo wa enzi ya Taisho, ndio jina. Kina nyuzi chache na vitufe kama vya taipureta, wabonyeza kwa kushoto wachuma kwa kulia. Kikavuka bahari kikafika India na kwetu, na taarab ya Zein l'Abdin, yule wa udi mzaliwa wa Lamu, ilikuwa nacho, huwezi kukikosa ukisikiza, kinalia juu juu kando ya udi kama ndege. Kwa hivyo ukifika darasani mwambie mwalimu wako kuwa kwenu kuna chombo cha Japani kimeimba Kiswahili. Mie ningelipenda kujua atajibu nini.

Binti_Michenzani

Nimerudi wadau, zimepita wiki tano. Shukran nyote, wallahi mmenisaidia. Nimemfuata Msafiri, nimekwenda kwenye nyumba ya utamaduni ya kata, mwalimu ni mama wa makamo, nimelipa yeni elfu moja na mia tano. Kucha za kwanza zilikuwa kubwa zinanivuka, akatoa kisanduku akanijaribishia pete moja moja mpaka zikakaa. Tulipofika pale pa kubonyeza mkono wa kushoto sikuweza, uzi ni mgumu kuliko unavyoona, akaweka vidole vyake juu ya vyangu akabonyeza na mie, nikaisikia sauti inapanda chini ya mkono wangu mwenyewe. Nilitokwa machozi, nae akanyamaza akasubiri.

@Mvita_Kongowea nilimwambia! Nilimwekea mwalimu wimbo wa Zein kwenye simu. Akasikiliza mpaka mwisho bila kusema kitu, halafu akauliza hao watu wa pwani wanakifungaje nyuzi, maana sauti sio ile anayoijua yeye. Sikuwa na jibu, ukipata mzee alie na tashkota muulize kwa ajili yetu.

Jumapili nikarudi ule ukumbi wa mtaani kuwasikiliza wale mama wale wale. Safari hii nilisikia ule uzi ukibonyezwa kabla sauti haijapanda, vidole vyangu vikawa vinauma pamoja nao. Na nikasikia wanavuta pumzi pamoja kabla ya kuanza, mara ya kwanza hilo sikulijua kabisa.

Alhamisi nina somo la nne. Halafu mwalimu kaniambia tarehe 22 Aprili hekalu la Shitennoji wanacheza ngoma za kale za gagaku, muziki wa zamani wa ikulu ya Japani, juu ya jukwaa la mawe lililo juu ya bwawa la kobe, ile yenye hichiriki inayolia kama nzumari, na sho ya mianzi midogo midogo ambayo wapigaji wanaipasha kwenye moto wa makaa kila baada ya muda ili unyevu wa pumzi usikae ndani. Hiyo ya moto nataka kuiona kwa karibu. Alie Osaka anaetaka tufuatane, mie ntakuwa kituo cha Shitennoji-mae Yuhigaoka saa sita na nusu mchana.