Kuchora watu na vitu vyenye uhai: mchoro wa haraka, maumbo au picha za simu?

Penseli_Sakina (mwanzisha mada)
Habari za jioni wakuu. Nipo Arusha, najifunza kuchora mwenyewe nikitoka kazini, saa moja hivi kwa siku. Nataka watu na vitu vionekane vina uhai, lakini watu wangu wamekakamaa, hata anayekimbia anaonekana amesimama. Nasikia njia tatu zikisifiwa: kuchora haraka watu walio kwenye shughuli zao, kuanza na maumbo, na kunakili picha za simu. Kwa anayeanza, ipi itangulie na kwa nini?

Kibo_Mistari
Mchoro wa haraka, mkuu. Kukakamaa kunatokana na kuchora kipandekipande: kichwa kinamalizwa na macho yake, inafuata shingo, kisha bega, hadi ufike miguuni mwili umeshakuwa mti. Mtazame mtu mzima kwanza. Uzito wake umelalia wapi? Anaelekea wapi? Vuta mstari mmoja mrefu kutoka kichwani hadi kwenye mguu unaobeba uzito, ndipo uweke mbavu, nyonga na mikono. Jipe sekunde 30 kwa kila mkao, ukizoea panda hadi dakika 1, kisha 2. Muda mfupi unakunyima nafasi ya kuhangaika na vifungo vya shati.

Mimi niko Moshi, nachora sana soko la Mbuyuni. Mvuta mkokoteni amelalia mbele mwili mzima, kisigino cha nyuma kimenyanyuka. Mchore wima uone, mkokoteni hausogei hata matairi yawe mazuri namna gani. Aliyebeba mkungu wa ndizi kichwani ni tofauti kabisa: shingo na mgongo vimetulia, mwendo wote uko kwenye nyonga. Na mtu aliyesimama kwa kuegemea mguu mmoja, nyonga ya upande huo hupanda na bega la upande huohuo hushuka. Ukiipata mishazari hiyo miwili, hata bila uso watu watamtambua kuwa amechoka kusubiri.

Fundi_Mabango
Kwa watu nakubali. Kwa vitu, hapana, hapo maumbo yatangulie. Sufuria ni mcheduara, chungwa ni tufe, redio ni boksi. Anayeanza hukosea sana kwenye sufuria: anachora mdomo kama duara lililobanwa, halafu kitako anakipiga mstari ulionyooka. Weka sufuria mezani, uitazame kutoka juu kidogo. Kitako kiko chini zaidi ya usawa wa macho yako kuliko mdomo, kwa hiyo mkunjo wake unapaswa kuwa mkubwa kuliko wa mdomo. Rekebisha hilo tu, sufuria itakaa mezani badala ya kuelea.

Maumbo yanasaidia na vipimo vya watu pia. Mtu mzima ana urefu wa vichwa vyake 7 na nusu hivi, na nusu ya urefu huo inaangukia karibu na kinena. Mtoto mdogo ana vichwa 4 au 5, ndiyo maana mtoto aliyechorwa kwa vipimo vya mkubwa anaonekana mzee mfupi.

Mama_Njiro
Msizitupe picha jamani. Nina mtoto mchanga, sokoni siendi kila nikitaka, na picha haiondoki kabla sijamaliza.

Kibo_Mistari
Kweli dada, ila chagua picha vizuri. Simu ikiwa karibu mno na mtu inakuza kilicho mbele: pua inavimba, mkono ulionyooshwa unakuwa mkubwa kuliko kichwa. Piga kutoka mbali kidogo. Bora zaidi ni video: isimamishe popote, chora dakika 1, iachie iendelee. Na mtoto akilala, mchore. Hakuna mkao mzuri kama huo kwa mwili uliolegea.

Penseli_Sakina
Asanteni sana. Na vivuli? Nahisi michoro yangu inakosa uhai kwa sababu sijui kuweka vivuli.

Fundi_Mabango
Vivuli vinaleta unene, uhai ni jambo jingine. Tazama picha za Tingatinga zinazouzwa kwa watalii hapo mjini. Mtindo huo ulianzishwa na Edward Saidi Tingatinga Dar es Salaam mwaka 1968, na kwa kawaida wanyama wake hawana vivuli vya kuleta unene. Lakini mkunjo wa mgongo wa chui unakwambia anataka kuruka. Vivuli viache kwanza.

Penseli tumia 2B, ni laini kuliko HB na inakubali mstari mwepesi na mzito. Mkaa wa jikoni mara nyingi ni mgumu, utakukwaruzia karatasi. Kwa mchoro wa haraka mimi napenda peni ya kawaida, maana haifutiki: mstari ukienda vibaya unaweka mwingine juu yake na mkono unaendelea.

Mama_Njiro
Kuhusu pa kukaa: soko la Kilombero hapo Arusha nenda asubuhi, kaa pembeni kwa muuzaji unayemnunulia, usizibe njia. Salimia kwanza. Mtu akigundua unamchora, mwonyeshe daftari, na akisema hataki, funua ukurasa mwingine umchore mwenzake aliyekubali.

Penseli_Sakina
Nimeelewa. Nusu saa ya kwanza watu wa haraka kwa peni, nusu saa ya pili sufuria na birika kwa 2B. Jumamosi naenda Kilombero, nikirudi naweka kurasa zote hapa, mnionyeshe uzito umepotea wapi.