Ziara ya kula Mji Mkongwe: tumlipe mtembezaji au tujitembeze wenyewe?

Nyakato_Mwz
Habari za saa hizi wakuu. Familia yetu inavuka kwenda Unguja mwezi ujao na tumekubaliana siku moja iwe ya kula tu: kuzunguka Mji Mkongwe kwa miguu na kuonja vya mtaani. Nimekuta njia tatu. Kuna ziara ya asubuhi ya kikundi, inaanzia soko la Darajani na kuishia vichochoroni. Kuna ya jioni inayoishia Forodhani, ile bustani ya ufukweni inayouza vyakula usiku. Au tusimlipe mtu yeyote, tutembee tukiulizauliza. Mliokwenda, ipi inalipa? Wanataka malipo ya awali kabla ya Ijumaa, kwa hiyo naomba majibu mapema.

BabaJunia
Dada, umeandika mengi ila ya muhimu hujasema. Mko wangapi? Kuna watoto au wazee? Bajeti yenu ikoje? Na mwezi ujao ndiyo lini hasa, mwanzoni au mwishoni? Hapo kila mtu atakujibu kwa safari yake mwenyewe, si kwa safari yako.

Pilipili_Mbuzi
Jitembezeni. Mji Mkongwe ni mdogo, ukipotea utatokezea ama baharini ama barabara ya Creek, basi. Pesa ya mtembezaji kuleni pweza. Sijawahi kuona sababu ya Mtanzania kulipa ili aoneshwe chapati.

Kipepeo_Dsm
Pilipili, wanaolipa hawalipii kuoneshwa chapati, wanalipia kufikishwa kwa anayepika vizuri. Shida ni kwamba wengine hawakufikishi. Ngoja nisimulie yaliyotukuta, dada aamue.

Tulijiunga na ziara ya asubuhi kupitia kampuni moja, siitaji. Tangazo lilisema kikundi kidogo. Tulipofika mahali pa kukutania tukakuta watu wamejaa, wa nchi mbalimbali, na mtembezaji ni mmoja. Sasa fikiria vile vichochoro vya Mji Mkongwe, watu wanapita mmojammoja, vespa inakuja, mnajibana ukutani. Wa mbele wanaelezwa habari za mlango uliochongwa, wa nyuma hawasikii kitu, na wakifika pale mtembezaji keshaondoka. Darajani tulipita upande wa samaki mbiombio, hakuna aliyesimama kuelezwa changu ni yupi na tasi ni yupi, na hicho ndicho kilichonipeleka. Urojo tulipewa umeshatiwa kwenye vikombe tangu kitambo: chipsi za muhogo zimelainika, supu imepoa. Tukagawiwa sambusa mojamoja. Halafu tukaingizwa duka la viungo. Pale hatukubanana tena na wala hapakuwa na haraka, tulikaa mpaka watu wakaanza kukaa chini. Kila aliyenunua, muuzaji alimtazama mtembezaji. Tulipotoka tukaambiwa ziara imekwisha, Forodhani haimo. Mama mmoja wa makamo akauliza mbona tangazo lilisema vyakula saba. Akajibiwa viungo navyo ni chakula.

Kilichoniuma zaidi ya pesa ni ile njaa. Nilitoka kwenye ziara ya chakula nikaenda kununua chipsi mayai.

BabaJunia
Pole sana. Hapo umetupa maswali ya kuuliza kabla ya kulipa: watu wangapi kwa mtembezaji mmoja, chakula kimo kwenye bei au kila mtu anajinunulia, na kuna maduka mangapi njiani. Asiyekujibu hilo la maduka, achana naye.

Nyakato_Mwz
Samahani kwa kuchelewa, nilikuwa kazini. Tuko wanne: mimi, mume wangu, binti yetu wa miaka tisa na mama mkwe. Mama ana kisukari na goti moja linamsumbua, anatembea ila polepole. Bajeti ya siku hiyo, kula na kutembezwa, ni laki mbili. Tarehe ni wiki ya pili ya mwezi.

Mtoto_wa_Malindi
Dada yangu, wiki ya pili ya mwezi ujao ni ndani ya Ramadhani! Hilo lilitakiwa lije mwanzo. Ziara ya asubuhi isahau. Mchana wa Ramadhani Unguja migahawa mingi ya mjini inafungwa na hakuna anayekula hadharani. Usichukulie ni adabu tu, polisi wameshakamata watu kwa kula nje mchana. Wageni hula ndani ya hoteli. Anayekuuzia ziara ya kula ya asubuhi kwa tarehe hiyo ama hajui kalenda ama hajali.

Lakini usivunjike moyo, maana mie nakwambia hakuna mwezi wa kula vizuri hapa kwetu kama huo. Baada ya alasiri nenda Darajani. Utakuta mikate ya kumimina imepangwa, mkate wa mofa, boflo, kaimati, tambi, sambusa, tende, matunda ya kila namna. Watu wananunua vya kufuturia, soko linachemka. Nyinyi nunueni, fungeni, kuleni baada ya adhana. Kisha jueni jambo moja: ikiingia magharibi njia zinakuwa tupu. Kila mtu yuko kwao anafuturu, na wauzaji nao wanafuturu. Ziara inayoanza saa kumi na mbili jioni itawapitisha kwenye milango iliyofungwa. Tokeni baada ya isha, watu wakianza kutoka tarawehe. Hapo ndipo Forodhani na mitaa inapoamka, na inakesha.

Nyakato_Mwz
Asante sana, hilo sikulijua kabisa, huku kwetu hatukuwa tumelifikiria. Aliyenipa bei ya asubuhi hakutaja Ramadhani hata mara moja. Basi ya asubuhi imetoka. Imebaki jioni ya kikundi au wenyewe.

Muongozaji_Ung
Nachangia kama mtu wa kazi hii. Aliyoyasema ndugu hapo juu yapo, siyakatai, na yanatuharibia jina sote. Ila msitutie kapu moja. Mimi sichukui zaidi ya watu sita, kwa sababu zaidi ya hapo wa nyuma hasikii. Sipokei chochote dukani. Na kazi yenyewe si kuonesha njia. Ukienda mwenyewe Forodhani unakuta meza zimejaa mishikaki ya kamba, pweza, papa, kila muuzaji anakuita. Hujui ipi imevuliwa leo na ipi imerudi kwenye barafu tangu juzi. Mie najua, kwa sababu asubuhi nipo mnadani Darajani nikiona nani kanunua nini. Mgeni atakula kilichong'aa kwa ndimu.

Jambo jingine, mtembezaji halali ana kitambulisho cha Kamisheni ya Utalii. Ombeni mkione. Asiyekuwa nacho ni papasi, yaani mtu wa mtaani anayewaganda watalii bila kibali, hata akijua Kifaransa na Kitaliano.

Pilipili_Mbuzi
Kumbe tangazo. Bei yako vipi kwa Watanzania? Maana ziara nyingi za huko zimepangwa kwa dola, zimekatwa kwa mfuko wa mzungu. Laki mbili kwa watu wanne ukiigawa, ukimlipa mtembezaji kinachobaki ni cha kulamba vidole.

Muongozaji_Ung
Bei siweki humu kwa sababu sitaki kuambiwa natangaza. Nasema tu muwaulize bei ya wenyeji, wengi wanayo na hawaiandiki.

Kipepeo_Dsm
Hiyo yenyewe ni dosari. Bei ya wenyeji kwa nini isiandikwe?

Mvita_01
Nyote mwamsukuma dada Unguja kana kwamba pwani nzima ni Unguja. Njooni Mombasa, Mji wa Kale. Ukitoka Fort Jesus waingia mitaani, wapata viazi vya karai na ukwaju, mahamri na mbaazi za nazi, mkate wa mayai, na huhitaji mtembezaji hata kidogo. Wamama wapika mlangoni mwao, waketi pale pale wala.

Mtoto_wa_Malindi
Mvita, mbaazi zenu nazijua na nazipenda, lakini mtu keshakata tiketi ya boti. Na Ramadhani ni hiyo hiyo huko kwenu.

Mvita_01
Hapo sawa. Lakini pizza ile ya Forodhani msimwambie ni chakula cha jadi. Hiyo yapikiwa wageni.

Mtoto_wa_Malindi
Inategemea unakula ipi. Ukitiliwa chokoleti na ndizi, hiyo ni ya watalii, nakubali. Lakini ule unga mwembamba unaovutwa juu ya meza, ukatiwa nyama ya kusaga, kitunguu, pilipili boga na yai, ukakunjwa na kukaangwa kwenye kikaango bapa, haukuanza na watalii. Nenda Yemen au Saudia utakuta mutabbaq inakunjwa vile vile. Vyakula vya bandari vinasafiri na watu. Tukianza kuhesabu kipi cha jadi, biriani itatoka, haluwa itatoka, hata chapati itatoka.

BabaJunia
Turudi kwa dada jamani. Kuna mama mwenye kisukari na goti. Hakuna aliyeligusa.

Lishe_Kwanza
Nalisubiri hilo. Nyakato, mama yako mkwe anatumia vidonge au sindano ya insulini? Anafunga? Hayo ndiyo yataamua zaidi ya mtembezaji. Ratiba ya kula usiku sana baada ya isha inaweza kumvuruga sukari, hasa kama anatumia insulini na mlo wake wa kawaida ni saa moja. Azungumze na daktari wake kabla ya safari, na mbebe kipimo.

Kwa vyakula vyenyewe: juisi ya miwa aikwepe, hata ikiwa na ndimu na tangawizi. Ni sukari tupu. Haluwa aonje kipande, si sahani. Kaimati zimelowekwa shira, hivyo hivyo. Urojo watu wanadhani ni supu nyepesi, kumbe unene wake ni unga, na ndani kuna viazi, kachori na bhajia. Samaki wa kuchoma, pweza, mishkaki, kachumbari, hapo ana uhuru. Akitaka kinywaji, kahawa chungu ile ya buli isiyo na sukari.

Nyakato_Mwz
Ni vidonge, na hafungi, sisi ni Wakristo. Nitamwambia apite kliniki kabla hatujaondoka. Urojo ndio hasa anaoutaka, ameusikia miaka yote.

Mtoto_wa_Malindi
Basi mpeni urojo wake, bakuli moja mgawane na binti. Ila uangalieni unavyotiwa. Kwa muuzaji mzuri hakuna kilichotangulia bakulini. Anakata kachori na viazi mbele yako, anatia bhajia, mishkaki kama unataka, anamwagia urojo wa moto wa manjano, kisha chatini ya nazi na pilipili, na chipsi za muhogo juu kabisa mwishoni ili zikufikie bado kavu. Mama anaweza kusema asitiliwe viazi, aongezewe mishkaki na yai. Hakuna atakayemshangaa.

Na goti: Mji Mkongwe hauna vilima, ila vijia vina mawe yaliyolika na mashimo, usiku taa chache. Msimpeleke mzunguko mrefu. Pandeni gari mpaka Forodhani, pana viti vya zege, akae pale. Nyinyi mumletee.

Muongozaji_Ung
Hapo ndipo ziara ya kikundi haiwafai, nasema kwa haki ingawa ndiyo kazi yangu. Kikundi hakimsubiri mwenye goti. Kama mtamchukua mtu, mchukueni wa familia yenu peke yenu, kwa muda mfupi tu, na mkubaliane vituo kabla. Forodhani ulizeni bei ya kila kitu kabla hakijawekwa kwenye makaa. Mishikaki ikishageuzwa hakuna mapatano.

Kipepeo_Dsm
Kweli kabisa hilo la bei. Na mwambieni achome mbele yenu kutoka mbichi, si ile iliyokwisha chomwa inayopashwa.

Pilipili_Mbuzi
Mimi bado nasema wajitembeze. Maelezo yote ya mtembezaji ameshayapata hapa bure.

BabaJunia
Si yote. Hapa hakuna aliyemwambia muuzaji gani, maana ni kweli hubadilika. Mimi ningemchukua mtu kwa ajili ya Darajani tu, ile saa ya baada ya alasiri, wakati mama anapumzika hotelini. Usiku Forodhani mwende wenyewe.

Nyakato_Mwz
Hilo la kugawa mara mbili limenikaa vizuri, nitalijadili na mzee nyumbani. Yeye sasa anasema bora tusogeze safari mpaka sikukuu, eti Mnazi Mmoja kunakuwa na vyakula na michezo ya watoto. Ni kweli?

Mtoto_wa_Malindi
Ni kweli, Idd jioni watoto wote wanakuwa viwanjani na nguo mpya, binti yako atafurahi kuliko nyinyi. Lakini boti zinajaa na vyumba vinapanda. Na wauzaji wengi wa mjini nao wanakula sikukuu siku ya kwanza, msitegemee kila mmoja yupo. Ulizeni tiketi kwanza ndipo muamue.

Mvita_01
Mkisogeza mpaka Idd, Mombasa bado ipo.

Chakula_Bora_Arusha
Nadandia hapa hapa. Mimi nina mzio wa karanga na korosho, nao mkali. Kati ya hivi mlivyotaja kipi nikae nacho mbali?

Lishe_Kwanza
Kashata za karanga na haluwa ziache kabisa, haluwa nyingi zina korosho au lozi. Vya kukaanga uliza mafuta yamekaangia nini kabla. Chatini na michuzi ya kuchovyea kila mtu ana yake, muulize muuzaji mwenyewe, usimuulize aliyekupeleka. Na dawa yako itembee nawe mfukoni, usiiache hotelini.

Nyakato_Mwz
Nimempigia wa jioni nikamuuliza maswali ya BabaJunia. La idadi amejibu watu kumi na wawili. La maduka amesema atanipigia.