Mama alithaminiwa Machi 2022, leo anaitwa asaini kiasi kilekile. Asaini?

BintiMzenga
Wakuu habari zenu. Naomba msaada kwa mwenye kujua mambo ya fidia ya ardhi.

Mama ana shamba la ekari nne na nyumba huku Kisarawe, barabara inapita katikati yake. Wathamini walikuja Machi 2022 na siku hiyo nilikuwepo. Kijana mmoja anahesabu mikorosho, mwenzake anaandika, mvua ikaanza, wakaharakisha. Mikorosho ni 41, nimeokota korosho chini yake tangu mtoto. Kwenye fomu imeandikwa 31. Mama hakuwa na miwani, akaweka dole gumba. Wakampiga picha mlangoni kashika kibao cha namba kama mahabusu, wakaondoka na neno moja: msiendeleze chochote.

Sasa mama yangu ni mtii kupita kiasi. Bati la jikoni limetoboka mwaka jana, hajaziba, ametega sufuria. Mihogo upande ule hakupanda tena. Juzi mwenyekiti kapiga simu, njooni msaini, hela imefika: 23,600,000, ileile ya kwenye karatasi za mwanzo. Bei za viwanja huku mnazijua zilivyopanda.

Nimesikia uthamini ukipita miaka miwili unakufa. Ni kweli? Na hatuna hati, shamba ni la marehemu babu. Kuna mtu wa ofisi ametuambia asiye na hati ashukuru anachopewa.

Kiluvya_Kwetu
Dada, achukue. Sisi wa Morogoro Road tulivunjiwa 2017 tukaambulia vifusi. Nyumba ikichorwa X ya kijani, barabara imekufuata, unalipwa. X nyekundu maana yake wewe ndiye uliyeifuata barabara. Yetu ilikuwa nyekundu. Mama yako anaitiwa hela, wewe unaleta habari za sheria.

Mthamini_Mstaafu
Kiluvya, pole, lakini la kwenu lilikuwa la hifadhi ya barabara, ule ukanda uliotengwa kwa ajili ya barabara. Huyu yuko shambani kwake, usimtishe.

Binti, nianze na hati. Aliyewaambia hivyo amekosea. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999, kifungu cha 18, inaweka haki ya kimila sawa na haki ya kupewa kwa hati. Na Mahakama ya Rufani ilishasema mwaka 1994, kesi ya Lohay Akonaay, kwamba ardhi ya kimila ni mali inayolindwa na Katiba.

Miaka miwili ni kweli, ipo kwenye Sheria ya Uthamini ya 2016, kifungu cha 52. Ila watu wengi hujikwaa hapa: haihesabiwi tangu siku vijana walipokuja na kibao. Inahesabiwa tangu Mthamini Mkuu wa Serikali alipoidhinisha taarifa. Miezi sita ya kwanza baada ya idhini hakuna riba. Ikipita, riba inaanza kutembea mpaka malipo. Ikifika miaka miwili hamjalipwa, uthamini unarudiwa kwa bei ya wakati huo. Kwa hiyo nenda halmashauri, kwa ofisa ardhi, uulize tarehe ya idhini. Wakuoneshe jedwali la fidia lenye mhuri, usikubali ya mdomo.

Ukiwa hapo angalia mistari yote. Thamani ya ardhi yenyewe iwepo, si nyumba na miti tu. Posho ya usumbufu. Posho ya makazi, ambayo ni kodi ya nyumba kama hiyo kwa mwezi mara 36. Usafiri wa tani 12 ndani ya kilomita 20. Nimeona majedwali ambayo posho ya makazi ni sifuri wakati mtu analala mlemle ndani.

Mikorosho kumi iliyopotea andikeni barua, mwenyekiti agonge mhuri, nakala mbaki nayo. Bado imesimama? Ipigeni picha. Mkorosho uliokomaa na mche bei zake hazifanani, hivyo angalieni pia waliuandikaje.

BintiMzenga
Mzee wangu, Mungu akuzidishie. Nimetoka halmashauri leo. Idhini ni ya Februari 2023. Ina maana miaka miwili inatimia Februari ijayo, na sasa ni Novemba! Posho ya makazi ipo. Riba hakuna hata senti, mstari wenyewe haupo. Nikauliza, dada wa pale akacheka akasema mimi ndiye wa kwanza kuuliza.

Mama asubiri hadi Februari?

Mthamini_Mstaafu
Mimi ningekuwa yeye nisingesubiri. Hela ipo mezani, na mkikataa watasema ucheleweshaji ni wenu. Riba yake ilianza kutembea Agosti 2023, hiyo mna haki nayo. Pelekeni barua ya kuidai kabla ya siku ya kusaini, mpate nakala iliyogongwa "imepokelewa". Siku yenyewe soma sentensi ya chini kabisa kwenye fomu. Ikisema amelipwa yote na hana madai mengine, aandike kwa mkono juu ya dole gumba: riba na mikorosho kumi bado nadai. Wewe uwe shahidi.

BintiMzenga
Barua nimeshaandika, naipeleka Jumatatu. Mama ameuliza kama sasa anaruhusiwa kuziba bati.

Kiluvya_Kwetu
Mwambie azibe bwana, mvua haijui habari za idhini.