Ziara ya baiskeli yenye kiongozi katika Central Park, New York: nilipie au nizunguke peke yangu?

Mkazi wa Nyegezi

Habari zenu wanajukwaa. Mwezi Oktoba nitakuwa New York kwa mafunzo ya kikazi, na ratiba imeniachia Jumamosi moja isiyo na shughuli. Nimekusudia kuitumia siku hiyo kuzunguka bustani ya Central Park kwa baiskeli, na shabaha yangu inazidi matembezi. Hapa Mwanza mimi na wenzangu tuna kikundi cha waendesha baiskeli, nasi tunajiandaa kuongoza wageni kutoka kivuko cha Kamanga, kupita Jiwe la Bismarck, hadi Capri Point; wenye pumzi zaidi tutawafikisha Bujora, Kisesa, kwenye Makumbusho ya Wasukuma. Njia tunazijua, na baiskeli si jambo geni Usukumani, ambako mkaa, maziwa na hata mgonjwa husafirishwa juu ya karia. Tunachokosa ni ufundi wa kuongoza: namna ya kulipeleka barabarani kundi la watu wasiojuana, mahali pa kusimama, na kiasi cha maneno ambacho mgeni anaweza kukisikiliza kabla hajachoka.

Nimesoma matangazo mengi ya ziara hizo. Nyingi ni za saa mbili hivi, huanzia upande wa kusini wa bustani, na huahidi kumwonyesha mgeni kila kitu. Siamini kwamba bustani ya hekta 341 inaweza kumalizwa kwa saa mbili. Naomba walioishi huko au waliowahi kupita wanieleze mambo mawili. Kwanza, je, nilipie ziara yenye kiongozi, au nikodi baiskeli na kuzunguka peke yangu? Pili, nitajuaje kabla ya kulipa kwamba kiongozi huyo anasimulia historia ya mahali, badala ya kuishia kuonyesha majumba ya watu mashuhuri?

Mzawa wa Kirumba, sasa New York

Karibu sana, ndugu yangu. Ninaishi si mbali na mwisho wa kaskazini wa bustani hiyo, na nitakujibu kwa kuifuata njia yenyewe, maana njia ndiyo inayoamua utasimuliwa nini.

Central Park ni mstatili mrefu: takriban kilomita 4 kutoka Mtaa wa 59 upande wa kusini hadi Mtaa wa 110 upande wa kaskazini, kwa upana wa takriban mita 800. Ndani yake kuna barabara ya mzunguko ya karibu kilomita 10, ambayo tangu Juni 2018 imefungwa kwa magari ya umma. Baiskeli zote huenda upande mmoja, kinyume cha mwendo wa saa, yaani unakwenda kaskazini kwa upande wa mashariki na kurudi kusini kwa upande wa magharibi. Vijia vya ndani karibu vyote ni vya waenda kwa miguu, na ukiingia huko unashuka na kuisukuma baiskeli. Ukishazielewa sheria hizo mbili utaona kwa nini ziara nyingi zinafanana: viongozi husimama pale tu barabara inapokaribiana na kitu maarufu, kisha hutumia njia ya mkato karibu na Mtaa wa 72 au wa 102 kuligeuza kundi mapema. Atakayekukatia kwenye Mtaa wa 72 atakuwa amekuonyesha sehemu ndogo tu ya kusini.

Hiyo ya kusini nayo ina mambo yake. Pale Bethesda utaacha baiskeli juu na kushuka ngazi hadi kwenye chemchemi yenye sanamu ya malaika, kazi ya Emma Stebbins iliyozinduliwa mwaka 1873 kwa kumbukumbu ya maji safi ya mto Croton yaliyofikishwa mjini mwaka 1842. Utapita pia uwanja wa nyasi ambao hadi mwaka 1934 ulikuwa malisho ya kondoo, katikati ya jiji kubwa kama lile, na nadhani Msukuma yeyote angependa kuambiwa habari hiyo.

Kwetu sisi watu wa Mwanza, lililo kubwa zaidi ni maji na miamba. Maziwa yote utakayoyaona humo ni kazi ya mikono ya watu. Yalichimbwa na kujazwa. Miamba ndiyo ya asili. Frederick Law Olmsted na Calvert Vaux, ambao mchoro wao ulishinda shindano la mwaka 1858, walilipua mingi, lakini mingine mingi waliiacha itokeze juu ya nyasi kama ilivyokuwa. Ulio mkubwa upande wa kusini, Umpire Rock, una mifereji mirefu iliyochongwa na barafu nene iliyoburuta mawe juu yake zamani sana. Ukiweka kiganja ndani ya mfereji mmoja unaweza kuufuata na kujua barafu ilielekea wapi. Ziara nyingi hazisimami hapo kwa sababu ni lazima kuacha barabara na kutembea.

Jambo jingine la kumwuliza kiongozi ni barabara nne za magari zinazoikatiza bustani kutoka mashariki hadi magharibi. Masharti ya shindano yalizitaka, na wabunifu wale wawili wakazizamisha chini ya usawa wa ardhi, hivi kwamba unapita juu yake kwa baiskeli bila kutambua kwamba mabasi yanapita chini yako. Kiongozi anayesimamisha kundi juu ya mojawapo na kulieleza hilo anaijua kazi yake.

Ushauri wangu ni kwamba ulipie ziara, kwa sababu umekuja kujifunza kuongoza, na ufundi huo huwezi kuuona ukiwa peke yako. Uliza tu kama wataizunguka barabara yote hadi kaskazini, kwenye msitu na ziwa dogo la Harlem Meer. Wakisema hawafiki huko, tafuta wengine.

Mwalimu Mstaafu, Bwiru

Mwangaluka, mwanangu. Nimefundisha historia maisha yangu yote ya kazi, na swali lako la pili ndilo lililonifanya niandike. Kabla ya kulipa, muulize kiongozi kama anasimama Seneca Village na atasema nini akifika hapo. Jibu lake litakutosha.

Upande wa magharibi wa bustani, kati ya Mtaa wa 82 na wa 89, palikuwa na kijiji kilichoanza mwaka 1825, Wamarekani Weusi walipoanza kununua viwanja huko, miaka miwili kabla utumwa haujakomeshwa rasmi katika jimbo la New York. Kufikia mwaka 1855 waliishi hapo watu wapatao 225, wengi wao Weusi, pamoja na Waayalandi na Wajerumani wachache. Walikuwa na nyumba zao, makanisa matatu na shule. Umiliki wa ardhi ulikuwa na uzito wa pekee kwao, kwa kuwa katiba ya jimbo ilimtaka mwanamume Mweusi awe na mali ya thamani ya dola 250 ndipo apige kura, sharti ambalo Mweupe hakuwekewa. Jiji lilipoamua kujenga bustani, lilitumia mamlaka yake ya kutwaa ardhi. Fidia ilitolewa, ingawa wamiliki kadhaa walilalamika kwamba ilikuwa ndogo kuliko thamani ya mali yao, na kufikia mwisho wa mwaka 1857 kijiji hakikuwepo tena. Katika eneo lote la bustani waliohamishwa walifikia takriban 1,600.

Mwaka 2011 wanaakiolojia walichimba hapo. Walikuta msingi wa nyumba, birika la chuma, na kiatu kidogo chenye soli ya ngozi. Sasa yamewekwa mabango ya maelezo, lakini anayepita kwa kasi juu ya baiskeli hataona kitu zaidi ya miti na nyasi, na ndiyo maana kiongozi anahitajika.

Ninakusisitizia hili kwa sababu ya kazi utakayoifanya hapa nyumbani. Wageni wako wakifika Capri Point watakiona Kisiwa cha Saanane, ambacho ni Hifadhi ya Taifa tangu mwaka 2013. Jina hilo ni la mtu, Mzee Saanane Chawandi, mvuvi na mkulima aliyekaa kisiwani kabla serikali haijamlipa fidia akahama, ili paanzishwe bustani ya wanyama mwaka 1964. Nimewasikia watembeza wageni wakieleza habari za swala na pimbi, kisha wakageuza chombo bila kumtaja. Wakati huohuo hakuna anayesahau kumtaja Bismarck, yule kansela wa Ujerumani ambaye jiwe lile limepewa jina lake, naye hakuwahi kukanyaga Mwanza. Mgeni anayetoka kwako bila kumjua Mzee Saanane atakuwa amepelekwa lakini hajaongozwa.

Fundi Baiskeli, Igoma

Mimi nitazungumzia baiskeli tu, kwa kuwa wengine wamesahau kwamba mtu huyu atakuwa juu ya chombo asichokizoea. Huko Marekani kishikio cha breki cha mkono wa kushoto ndicho hufunga gurudumu la mbele, wakati baiskeli nyingi za hapa kwetu gurudumu la mbele hufungwa kwa mkono wa kulia. Mtu aliyekulia kwenye baiskeli ya Phoenix akishtuka na kubana kwa mazoea, anaweza kufunga la mbele peke yake katika mteremko na kurushwa juu ya usukani. Ukikabidhiwa baiskeli, isukume ukiwa umesimama chini, bana breki moja baada ya nyingine, na uone ipi inafunga wapi.

Pima pia siti: ukikaa na kukanyaga pedali iliyo chini kabisa, goti libaki limekunjika kidogo. Upande wa kaskazini kuna mlima unaoitwa Harlem Hill, na hapo gia ibadilishwe kabla mwinuko haujaanza, wakati cheni bado ni nyepesi. Na kumbuka kwamba huko watu hupita kulia.

Mtembeza Wageni, Capri Point

Nimesoma maoni yote kwa furaha. Kwa ndugu wa Kirumba ninatofautiana kidogo. Kuizunguka bustani yote si kipimo cha ziara njema. Nimeongoza wageni kwa miguu na kwa baiskeli, na nimeona kwamba mtu akishahema sana hasikii tena unachomwambia. Afadhali ziara inayofika Seneca Village na kusimama hapo kwa utulivu kuliko ile inayomaliza mzunguko huku kiongozi akipiga kelele mbele ya upepo.

Ukiwa huko, usimwangalie malaika wala majengo, mwangalie kiongozi. Tazama kama anaanza kusema kabla mtu wa mwisho hajafika na kuweka mguu chini. Tazama anasimama upande gani wa jua, kwa kuwa kundi linapaswa kulipa jua mgongo na yeye avumilie kuangaliwa nalo usoni. Tazama analipanga kundi wapi wakati wakimbiaji, magari ya farasi na baiskeli za umeme zinapita, na kama kuna mwenzake anayefunga nyuma. Hayo ndiyo utakayoyahitaji hapa kwenye kipilefti ya Samaki, ambako bodaboda haimsubiri mtu amalize kusimulia.

Kuhusu Bujora, nakuomba msiwapitishe wageni kwa baiskeli kutoka mjini kupitia Buzuruga na Nyakato. Barabara ya Musoma ina malori na daladala muda wote. Pakieni baiskeli kwenye gari hadi Igoma au Kisesa kwenyewe, kisha mpande hapo, wageni wafike makumbusho wakiwa bado na hamu ya kusikia habari za Bagika na Bagalu, vile vyama viwili vya wachezaji ngoma wa Kisukuma, na kutazama ngoma za watemi.

Mkazi wa Nyegezi

Shikamoo Mwalimu, na asanteni nyote. Nimeamua kulipia ziara inayosimama Seneca Village, hata kama haifiki kaskazini kabisa, kisha nitakaa na baiskeli ili nimalizie sehemu iliyobaki peke yangu. Suala la Barabara ya Musoma nitalifikisha kwa wenzangu kabla sijasafiri. Limebaki swali moja: nichague asubuhi au alasiri?

Mzawa wa Kirumba, sasa New York

Asubuhi, na mapema iwezekanavyo, kwa sababu Jumamosi ya Oktoba ikifika mchana barabara ile hujaa watu. Jua huchomoza karibu saa moja, na saa hiyo baridi ni kali kuliko ya Mwanza msimu wowote, hivyo beba glavu na koti la kuzuia upepo. Kuwa na kadi ya benki na kitambulisho, kwa kuwa wakodishaji wengi huvitaka kama dhamana. Namheshimu mtembeza wageni wa Capri Point, lakini bado nasema usikose kaskazini. Ukimaliza na kundi, pandisha tena kwa upande wa mashariki, pita bwawa kubwa, teremka hadi Harlem Meer ukiwa umebana breki zote mbili, kisha uupande mlima taratibu. Upande wa magharibi, ukikaribia usawa wa Mtaa wa 85, shuka, uisukume baiskeli hadi kwenye mabango ya Seneca Village, na uyasome upya bila mtu wa kukuharakisha.