Umepiga ngoma ya pepo ukumbini, mama wa watu akaanguka, ukaendelea na shoo!!

Wakuu naandika hii mikono bado yatetemeka. Jana usiku nilikuwa kwenye shoo ya msanii mmoja hapa Mombasa, jina simtaji sitaki kumpigia promo, tiketi elfu moja na ukumbi umejaa mpaka watu wamekaa chini.

Mwanzo nilikuwa mpole. Kaingia amejifunga kaniki, akachora kwa chaki duara na nyota ya pembe tano kama zile za wachawi wa kizungu, mishumaa pande zote, kadi za ramli, halafu eti yeye ni Mepoho. Haya, Mepoho twamjua, yule mama wa Kigiriama aliyetabiri kuja kwa wazungu kisha ardhi ikammeza, hadithi nimekulia nayo. Mepoho na nyota ya pembe tano wapi na wapi? Nikasema basi, sanaa ni sanaa, achanganye atakavyo.

Shida ni ngoma. Aliwaleta wapigaji wenyewe, kayamba na ngoma, wakaanza mdundo wa kupunga pepo, si wa kuigiza, ule ule, na chetezo cha ubani chapitishwa katikati ya viti milango imefungwa. Mimi nyanya yangu kule Kwale alikuwa kiti, yaani mtu apandwaye na pepo, nimelala mkekani usiku mzima nikiisikia hiyo ngoma, nikipigiwa leo usingizini naijua. Haikuchukua muda, mama mmoja safu ya mbele yangu mabega yakaanza kumtikisika, leso ikamdondoka, ndara ya kushoto ikamtoka, puu chini kati ya viti anguruma. Watu wakatoa simu. Na msanii alimwona, wallahi alimwona, akawapungia wapigaji mkono waongeze kasi!!

Jamani kupunga kuna utaratibu. Fundi, yaani mganga wa pepo, auliza kwanza, pepo huyu ni wa wapi, maana wa Kiarabu atakacho sicho atakacho wa Kimasai, kila mmoja na nguo yake na nyimbo zake, chano, sinia la vitu vya pepo, chaandaliwa, na fundi haondoki mpaka ameongea naye amempa chake ametulia, hata ikiwa ni kukesha. Huyu alikata ngoma saa tatu na nusu kwa sababu muda wa ukumbi umekwisha, taa zikawashwa, yeye ainama apigiwa makofi na yule mama yuko chini macho yamemkodoka. Bintiye alia peke yake. Tulimbeba mimi na jamaa wawili mpaka nje, tukamtia tuktuk, na hata maji ya kunywa hakuna aliyetuletea. Nikarudi kuuliza mhusika ni nani, kijana wa mlangoni aniambia eti hiyo ndiyo shoo imefana.

Na wale mtakaokuja na maneno ya ushirikina, sawa, usiamini pepo, lakini mtu ameanguka mbele yako! Hata Kaya Kinondo, ule msitu mtakatifu wa Wadigo kule Kwale, mgeni hafungui mdomo kabla ya kufungwa kaniki na kuambiwa pa kukanyaga na pa kutokanyaga, na mwenye kumwongoza yuko naye mwanzo mwisho. Huyu kaniki kaichukua, mwongozaji hana.

Nataka aende kwa yule mama na wapigaji wake na mtu anayejua, wamalize walichokianza, gharama juu yake. Shoo nyingine ni Ijumaa, ngoma zile zile. Mwenye kuwajua wale wazee wa kayamba tafadhali aniPM leo hii, niongee nao kabla.