Je, ubeti mtukufu hupinda wakati? Mimi napinga

Assalamu alaikum, ndugu zangu. Tangu uandame mwezi wa Mfungo Sita, baraza za hapa Lamu zina neno moja. Eti kasida, yaani shairi la kumsifu Mtume, ikisomwa kwa mizani yake kamili, na wasomaji wakawa wengi kwa sauti moja, wakati wenyewe hupindika. Wanaolitetea hawasemi kwamba msomaji huhisi hivyo tu. Wanasema saa aliyovaa hukawia kweli, kama fizikia inavyosema kitu kizito hukawiza saa iliyo karibu nacho. Sasa wamezuka wanaotaka watoto wasomeshwe hayo chuoni, yaani madrasani, na hapo ndipo siwezi kunyamaza.

Nimelelewa ndani ya kasida hizo. Usiku wa Maulidi pale msikiti wa Riyadha, matari yakilia na safu mbili zikiyumba pamoja, mtu hukaa saa tatu akadhani ni nusu saa. Hilo silikani, na asiyelijua hajawahi kukaa. Lakini kukawia kwa moyo ni jambo moja, na kukawia kwa saa ni jambo jingine.

Tazameni maji. Maulidi yetu makubwa huangukia mwishoni mwa mwezi, giza limetanda, bamvu, yaani maji makuu ya bahari, liko karibu. Kila siku maji hujaa yakiwa yamechelewa kama dakika 50 kuliko jana yake, kwa kuwa mwezi nao umesogea. Kama wakati ungekawia ndani ya msikiti peke yake, tungetoka alfajiri tukakuta maji yametangulia saa zetu. Nimetoka pale alfajiri nyingi, nikashuka gatini. Manahodha walioambiwa maji yajaa saa kumi na moja, yaliwajalia saa kumi na moja, kwa saa yao na kwa yangu niliyotoka nayo msikitini.

Ndugu mmoja alinijibu kwamba tofauti ni ndogo mno, jicho haliioni. Basi ipimwe! Saa za satelaiti zinazoongoza ramani kwenye simu zetu hutangulia saa za ardhini kwa sehemu 38 hivi katika milioni ya sekunde kila siku, na wataalamu huzirekebisha, kwani wasingefanya hivyo ramani ingekupeleka Shela ukitaka Matondoni. Kidogo namna hiyo kinapimika. Anayedai kitu kidogo hajaepuka kipimo.

Na tusijifanye fizikia hii ni ngeni kwetu. Tarehe 12 Desemba 1970, kutoka jukwaa la San Marco baharini kule Ngomeni, kaskazini ya Malindi, ilirushwa satelaiti ikapewa jina Uhuru, maana siku ile ilikuwa sikukuu ya uhuru wa Kenya. Kazi yake ilikuwa kupima miale ya eksirei itokayo angani. Vipimo vyake viliwasaidia wanafalaki kukitambua kitu kiitwacho Cygnus X-1, shimo jeusi, yaani kitu ambacho hata nuru haiwezi kutoka ndani yake, lenye uzito zaidi ya mara kumi ya jua letu. Karibu na kitu kama hicho ndipo wakati unapokawia sana. Uzito wa majua kumi! Sauti za watu mia nne, hata zikiwa tamu vipi, zitaupata wapi?

Hoja yao yenye nguvu ni ya Watu wa Pangoni, kisa kilichomo katika Sura al-Kahf ya Kurani, na naiheshimu. Vijana wale walilala miaka 309, walipoamka wakasema tumekaa siku moja au sehemu ya siku. Sura hiyo wengi wetu twaisoma kila Ijumaa. Lakini isomeni kwa utulivu: aya ya 11 yasema Mwenyezi Mungu aliyaziba masikio yao pangoni kwa miaka mingi. Yaani katika muda ule wote hawakusikia ubeti wala aya. Aliyefanya ni Mungu, kwa kutaka kwake, bila ya mizani ya msomaji. Ukitumia kisa hiki kusema binadamu ana ufunguo wa wakati mdomoni mwake, umemnyang'anya Mungu kazi yake ukampa mwimbaji.

Mama mmoja alinigusa aliposema, "Mwanangu, mbona Mwana Kupona bado anasema nasi?" Ni kweli. Mwaka 1858 mshairi huyo, akiwa mgonjwa, alimtungia binti yake utendi wa wasia, na leo msichana akiusoma huisikia sauti ya mama aliyekufa zamani. Kama hilo ndilo mnaloita kupinda wakati, nipo nanyi, lisomesheni hata kesho. Lakini semeni hivyo. Msivalishe ushairi kanzu ya fizikia.

Ninachokihofia ni mtoto wa miaka kumi na miwili. Ataambiwa chuoni, atachukua simu mbili, moja aiache nyumbani na moja aende nayo maulidini, kisha azilinganishe. Akikuta ziko sawa, hatatupa nadharia peke yake. Ataitupa na kasida pamoja nayo.

Basi wanaoitetea wanijibu mambo mawili. Ni kasida ipi, na saa ikawie kwa kiasi gani, ili tuweze kupima usiku wa Maulidi, saa moja Riyadha na nyingine gatini? Na yale masikio yaliyozibwa pangoni mnayaeleza vipi?